Kuzuia kwa Kiingereza: Kimesimama Kabisa au Kinaenda kwa Shida?

Wiki hii barua zenu zimeangukia sehemu moja kama vile mlipangana. Nimechagua nne. Ya kwanza nitaikalia muda mrefu kidogo, manake hizo nyingine zote zinaiegemea.

SWALI: Shikamoo mwalimu. Kazini kwangu naandika ripoti za usafirishaji kwa Kiingereza kila wiki. Juzi mti mkubwa ulianguka ukaziba barabara, hakuna gari lililopita mpaka jioni, basi nikaandika "A big tree hindered the road". Bosi akalizungushia "hindered" kalamu nyekundu, pembeni akaandika "blocked", hakusema kingine. Nikaingia kwenye kamusi nakuta hinder ni kuzuia, block kuzuia, obstruct kuzuia, impede kuzuia, na prevent nayo kuzuia. Sasa kama zote ni kuzuia mi nimekosea nini? Na nikikaa mbele ya sentensi nitajuaje hapa inakaa ipi?

JIBU: Marahaba mwanangu. Kamusi haijakudanganya ila imekuacha njiani, imekupa neno moja kubwa ambalo kwetu linabeba karibu kila kitu alafu ikanyamaza. Lakini hebu rudia barua yako usome ulichoandika mwenyewe. Mti "ukaziba" barabara. Hukuandika ukazuia, ulimi wako ulishachagua kabla hujafungua kamusi. Na ndo tunavyoongea kila siku, bomba linaziba, mwizi anazuiwa mlangoni, kazi inakwamishwa, mtu anakwazwa, mwenzako unamcheleweshea safari. Kwa hiyo usiende kwenye Kiingereza na "zuia" mkononi, nenda na kile kitenzi ambacho ungemwambia mtu uso kwa uso, nusu ya kazi inakuwa imeisha hapo.

Nusu iliyobaki ni swali moja tu, na ningependa ulibandike juu ya meza yako: hicho kitu kimesimama kabisa au kinaenda kwa shida?

Kama kimesimama kwa sababu njia imejaa kitu, hiyo ni block. Utakumbuka ile meli ya Ever Given, ina urefu wa mita 400, tarehe 23 Machi 2021 ilikwama ikiwa imekaa mshazari kwenye Mfereji wa Suez, pua imeingia ukingo huu na mkia ukingo ule, mpaka tarehe 29 ndo ikanasuliwa. Magazeti ya Kiingereza yaliandika "blocked the canal" na sidhani kuna mhariri aliyefikiria mara mbili, manake mamia ya meli zilikuwa zimepanga foleni na hakuna hata moja iliyopita. Mti wako ni Ever Given ndogo.

Hinder ni kinyume chake, kitu kinaenda ila kinavutwa nyuma. Na sisemi "nyuma" kwa mapambo tu, neno hili ni ndugu wa "behind", ni Kiingereza cha kale kabisa, na undani wake ni kumrudisha mtu nyuma. Mvua inahinda uokoaji, waokoaji bado wanachimba lakini taratibu. Jeraha la goti linamhinda mwanariadha, anakimbia ila si kama zamani. Kwa hiyo sentensi yako ilikuwa na makosa mawili na bosi kasahihisha yote kwa neno moja. Kosa la kwanza, magari yalisimama kabisa, hayakwenda kwa shida. La pili ndo wengi hawalioni: barabara haiendi popote, imelala pale pale, utairudishaje nyuma? Kinachohindiwa lazima kiwe kinafanya kitu, kazi, maendeleo, mtu, msafara. Kama ule mti ungekula upande mmoja tu na magari yakawa yanapishana moja moja, ungeweza kuandika "The fallen tree hindered traffic" na hakuna ambaye angegusa kalamu.

Alafu kuna impede, na hii naipenda kwa sababu inafanana na letu kuliko mnavyodhani. Imetoka kwenye Kilatini, ndani yake kuna neno la mguu, lile lile lililozaa "pedali". Impedire ilikuwa kunasa miguu. Jeshi la Kirumi mizigo yake yote, mahema, vyombo, magunia, waliiita impedimenta, vitu vinavyoifanya miguu ishindwe kwenda haraka. Sasa geukia kwetu: kikwazo kimetoka wapi? Kwenye kukwaa, kujikwaa, mguu umepiga jiwe. Watu wawili wasiojuana wameangalia mguu wa msafiri wakapata neno moja. Kwa hiyo ukitaka kusema kitu fulani ni kikwazo kwa maendeleo, impede inakaa vizuri sana, "Lack of data impedes planning", mipango ipo, inatembea, ila inajikwaa kila hatua. Ni neno rasmi kidogo lakini, ukiwa unaongea na rafiki utasema tu "slow down" au "get in the way".

Wapenda mpira mnalijua hili hata kama hamjawahi kuliona kwenye maandishi. Kwenye sheria za soka kuna kosa linaitwa "impeding the progress of an opponent", zamani likiitwa "obstruction". Picha yake ni hii: mpira uko mbali, wala wewe wala mwenzako hamuwezi kuufikia ukauchezea, yeye anaukimbilia, we huna haja na mpira ila unajisogeza tu kwenye njia yake. Sheria yenyewe inavyofafanua kosa hilo imetumia vitenzi kama hivi tunavyoongelea, obstruct, block, slow down, au kumlazimisha abadili mwelekeo. Angalia walivyovipanga. Kusimamishwa kabisa kumo, kupunguzwa mwendo kumo, hata kuzungushwa tu kumo. Ndo maana kichwa cha kosa kimepewa impede ambayo inavibeba vyote, wangesema "blocking" tu, mchezaji angejitetea kwamba mwenzake alipita. Kama hamkugusana ni mpira wa adhabu usio wa moja kwa moja, mkigusana unakuwa wa moja kwa moja.

Obstruct sasa. Ndani yake kuna kujenga, shina lile lile la "construct" na "structure". Construct ni kujenga pamoja, obstruct ni kujenga mbele ya mtu, kumwekea ukuta usoni. Kwa hiyo inapenda vitu vyenye njia au uwazi: barabara, mlango wa dharura, koo, utumbo, macho yanayotaka kuona mbali. "That pillar obstructs my view", nguzo inanikinga nisione. Na tofauti na block, obstruct haikulazimishi kwamba kimeziba chote. Madaktari wanaongea kila siku kuhusu "partial obstruction" ya njia ya hewa, mtu kapaliwa na kipande cha chakula lakini bado anakohoa na hewa kidogo inapita, na "complete obstruction" ambapo hakohoi tena wala sauti haitoki. Kitenzi ni kile kile, kipimo kinaongezwa pembeni.

Ila obstruct ikimpata mtu kama mtendaji inabadilika harufu. "The lorry obstructed the road", sawa, lori halina nia. "The staff obstructed the inspectors", hapo umeshatuhumu. Kwa lugha ya sheria ya Kiingereza, kumzuia askari au mkaguzi asifanye kazi yake makusudi kunaandikwa hivyo hivyo, obstructing, na ni kosa. Kwa hiyo kwenye ripoti usiitoe kirahisi.

Nitakwambia kwa nini naling'ang'ania hili. Miaka kadhaa nyuma nilipewa kutafsiri maelezo ya wafanyakazi wa ghala moja. Walikuwa wamesema "tuliwazuia kidogo pale getini mpaka funguo zije". Mi nikaandika "prevented the inspectors from entering". Wakaguzi waliingia, tena siku hiyo hiyo, baada ya kama nusu saa hivi. Lakini kwa kitenzi changu wale watu walionekana wamegoma kukaguliwa, na mmoja wao aliitwa kujieleza mara mbili kabla hajatokea mtu wa kurudi kwenye maelezo ya Kiswahili akakuta lile neno "kidogo" ambalo nililidondosha njiani. Ilitakiwa "kept the inspectors waiting at the gate" basi, maneno mepesi kabisa. Yule mtu sikuwahi kumwomba msamaha uso kwa uso na mpaka leo inaniuma.

Manake prevent ndo nzito kuliko zote hizi. Prevent ni kwamba kitu hakikutokea. Asili yake ni kutangulia, kuwahi kabla, na kwenye Biblia ya King James ya 1611 bado inatumika hivyo, kwenye Zaburi ya 119 mtu anasema "I prevented the dawning of the morning", hana maana kwamba alizuia kusikuche, ana maana aliamka akaomba kabla hakujapambazuka, aliwahi alfajiri. Maana ya sasa imezaliwa humo, ukikiwahi kitu mbele hakitokei tena. Ndo maana chanjo "prevents" ugonjwa, breki nzuri "prevent" ajali. Kama kitu kilitokea, hata kwa kuchelewa, hata nusu yake, prevent si mahali pake.

Ukitaka kuona kwamba wenye lugha yao wanazihesabu hizi kama vitu tofauti, tarehe 27 Julai 1974 kamati ya sheria ya baraza la wawakilishi la Marekani ilipitisha kifungu cha kwanza cha mashtaka ya kumwondoa rais Richard Nixon, sakata la Watergate, kura 27 kwa 11. Waliandika kwamba "has prevented, obstructed, and impeded the administration of justice". Vitenzi vitatu kwa mstari. Sio kurembesha. Haki isitendeke kabisa, haki iwekewe ukuta, haki ikwazwe miguu: akijitetea kwamba uchunguzi uliendelea mpaka mwisho, basi prevent imeanguka lakini impede imebaki imesimama inamsubiri.

Kuhusu kupanga sentensi, haraka haraka. Prevent inataka "from" na kitenzi chenye -ing: "prevented us from leaving", Waingereza wengine hiyo "from" wanaiacha na ni sahihi. Usiandike "prevented us to leave", hilo ni la kwetu na tunalifanya sana kwa sababu Kiswahili kinasema kutuzuia kuondoka. Hinder nayo ukitaka kuongeza kitendo ni "from" hivyo hivyo. Impede na obstruct zinapenda nomino moja kwa moja, "impeded the work", zisukumie nomino ziachie hapo. Na jina la hinder ni "hindrance", ile e ya katikati inaanguka, watu wengi wanaiandika "hinderance" na programu za kusahihisha zinaichorea mstari mwekundu.

SWALI: Mwalimu habari za kazi. Nilikuwa nasoma ukurasa wa mwanzo wa pasipoti ya Uingereza, kuna sehemu wameomba mwenye pasipoti aruhusiwe kupita "without let or hindrance". Hindrance nimeelewa. Lakini let si ni kuruhusu? Yaani apite bila kuruhusiwa? Nimemuuliza mume wangu kasema ni kosa la uchapaji, mi siamini serikali nzima ikosee hapo.

JIBU: Nzuri dada, na hongera kwa kutoamini. Mwambie shemeji si kosa la uchapaji, hiyo let siyo let unayoijua.

Kiingereza cha kale kilikuwa na vitenzi viwili tofauti. Kimoja lætan, kuacha, kuruhusu. Kingine lettan, kuzuia, na hiki ni ndugu wa "late", yaani undani wake ni kumfanya mtu achelewe. Miaka ikaenda, matamshi yakasagika, vyote viwili vikaishia "let". Fikiria lugha ina neno moja ambalo mtu akilitamka hujui kakufungulia mlango au kakufungia! Haikuweza kudumu, ya kuruhusu ikashinda, ya kuzuia ikabaki imejificha kwenye maneno ya kisheria kama hayo ya pasipoti.

Lakini kabla haijafa ilitumika sana. Biblia hiyo hiyo ya 1611, Wathesalonike wa pili sura ya 2 mstari wa 7, imeandika "he who now letteth will let". Ukiisoma kwa let ya leo unapata mtu anayeruhusu, na mahubiri yako yote yanageuka juu chini. Biblia ya Kiswahili inasema azuiaye. Na kwa Shakespeare, Hamlet anapotaka kumfuata mzimu wa baba yake na wenzake wamemshika, anawaambia "I'll make a ghost of him that lets me", atakayenizuia namgeuza mzimu na yeye. Wanafunzi wengi wanapita hapo wakidhani anamtishia anayemruhusu, alafu wanashangaa huyu kijana ana nini.

Mahali ambapo bado utaisikia ikiwa hai ni kwenye tenisi. Mpira wa kuanzishia ukigusa neti alafu ukaangukia ndani ya boksi lake, wanatamka "let" na unarudiwa. Mpira ulikwazwa njiani, ndo maana yake.

Na ona dada, let ni kuchelewesha, hinder ni kurudisha nyuma. Zile mbili za pasipoti ni za asili ya Kiingereza chenyewe, na zote zinaongelea kucheleweshwa, hazisemi kuzuiwa jumla. Maombi yao ni makubwa kuliko yanavyoonekana, hawaombi tu msimkatalie, wanaomba hata msimkawize.

SWALI: Naomba kuuliza tofauti ya prevent na avoid. Kwenye bango la usalama tumeandika "Drive slowly to avoid accidents", mwenzangu anasema ingekuwa prevent.

JIBU: Kaka, hapo zote mbili zinakaa na bango lenu liacheni. Avoid ni kuepuka, we unajitoa kwenye njia ya kitu. Prevent ni kuzuia kisitokee. Dereva anaweza kuepuka ajali na anaweza kuizuia, ndo maana bango linabeba zote.

Ila haziwi sawa kila mahali. Mvua unaiavoid kwa kubaki ndani, huwezi kuiprevent. Mtu usiyetaka kukutana naye unamuavoid. Moto kwenye jengo unauprevent kwa kukagua nyaya. Ukishika kwamba avoid ni mimi ninahama na prevent ni kile kitu kinakosa kuzaliwa, hutopotea.

SWALI: Shikamoo. Mtoto wangu ananiambia kuna block up, block off, block out na block in, mi najua block ya simu tu, mtu akikublok humpati tena. Hizo nyongeza zinabadilisha nini?

JIBU: Marahaba mama. Hiyo ya simu umeielewa barabara, na ona kwamba inafuata kanuni ile ile ya juu, ukiblokiwa na mtu meseji zako haziendi kwa shida, haziendi kabisa. Hakuna anayesema "he hindered me" kwenye simu.

Block up ni kuziba kwa kujaa, bomba la sinki, pua wakati wa mafua. "My nose is blocked up", au blocked tu. Block off ni kufunga makusudi, wenye mamlaka wameweka vizuizi mtaa usipitike kwa sababu kuna msafara au ajali, kwa hiyo ukiona "off" jua kuna mtu aliyeamua. Block out ni kukinga kitu kisikufikie, pazia zito linablok out mwanga, na watu wanaitumia hata kwa kumbukumbu, mtu aliyepitia jambo baya akili yake inaweza kuifungia nje ile siku asiikumbuke.

Block in mwambie mtoto akuoneshe kwa vigari vyake vya kuchezea. Kimoja akiweke katikati, kimoja mbele, kimoja nyuma, na pembeni ukuta. Barabara iko wazi, magari mengine yanapita, lakini hicho cha katikati hakitoki. Barabara haijablokiwa, aliyeblokiwa in ni yeye.